Barua ya wazi kwa Mheshimiwa Jaji Mkuu: nilikuwa chini ya mwembe, jalada likaandikwa sikufika

Kwa: Mheshimiwa Jaji Mkuu wa Tanzania
Nakala: Mheshimiwa Waziri wa Katiba na Sheria

YAH: MASHAURI KUFUTWA KWA SABABU MDAI HAKUONEKANA CHUMBANI

Mheshimiwa Jaji Mkuu,

Kwa heshima na taadhima naomba barua hii isomwe mpaka mwisho, maana zilizoitangulia sina hakika kama zilisomwa. Hii ni ya nne. Tatu za kwanza nilizipeleka kwa mkono, kimyakimya, kama mtu anavyotakiwa kufanya: ya kwanza kwa hakimu mfawidhi, ya pili dawati la malalamiko, ya tatu ngazi iliyo juu yao. Zote zina muhuri wa kupokelewa. Jibu nililopata lilikuwa la mstari mmoja na nusu, kwamba shauri langu lilishatolewa amri na kwamba nifuate taratibu. Taratibu nilizifuata mpaka zikaniishia mkononi.

Sitamtaja hakimu, wala karani, wala mahakama yenyewe. Sina ugomvi na mtu. Wala siombi unirudishie shauri langu kwa barua. Najua barua haifanyi kazi hiyo, na siku itakapoanza kuifanya tutakuwa tumeharibikiwa zaidi. Ninachoomba kinahusu kanuni, na kanuni zipo ndani ya uwezo wako.

Mimi ni fundi cherehani. Agosti 2019 basi nililopanda liliacha njia, nikavunjika mguu wa kulia mahali pawili. Cherehani yangu ni ya kukanyaga, kwa hiyo mwenye kuijua kazi hii ameshaelewa hasara yangu kabla sijaitaja. Mwenye basi aliahidi, akaahirisha, akaacha kupokea simu. Februari 2021 nikafungua madai ya fidia mahakamani, mwenyewe, bila wakili, kwa kusaidiwa na msaidizi wa kisheria wa kata yetu. Sheria kidogo ninayoijua nimeipata kwake na kwenye mabenchi ya mahakama, ambako mtu akikaa miaka miwili lazima ajifunze kitu.

Machi 2023 shauri langu lilipangwa kusikilizwa. Nilifika saa moja na nusu asubuhi na mashahidi wangu wawili. Nikasoma orodha ya mashauri ubaoni, jina langu lipo. Nikajitambulisha kwa karani, akaweka alama ya vema pembeni ya jina, akasema, "Mama, kaeni hapo nje, mtaitwa." Tukakaa chini ya mwembe na watu wengine wasiopungua thelathini, kwa sababu ukumbi una mabenchi manne. Saa tatu ikapita, saa nne ikapita. Wenzetu wakawa wanaitwa mmoja mmoja. Saa sita nilipoingia kuuliza, karani mwingine akafungua daftari, akasema shauri langu limefutwa saa nne na dakika arobaini kwa sababu mdai hakufika. Hakimu wangu alikuwa likizo, jalada likapelekwa kwa mwenzake ghorofani, huko ndiko liliitwa. Wakili wa mdaiwa alikuwepo; yeye aliambiwa. Mimi na mguu usiopenda ngazi tulibaki chini, tukisubiri sauti ambayo haikushuka.

Nilimwomba karani aniruhusu nimwone hakimu nimweleze kwamba nipo. Akaniambia kwa upole kabisa, na ninaamini alinihurumia, kwamba amri ikishatoka hairudi kwa maneno, niandike maombi.

Hayo ndiyo yaliyonipata. Baada yake nimekaa na wengi waliopatwa na ya kwao, na ninayoyaweka hapa chini ni yetu sote.

1. Swali linaulizwa likiwa limeshachelewa.

Amri ya 9 katika Jedwali la Kwanza la Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, inasema hivi kwa lugha yangu: shauri likiitwa kwa ajili ya kusikilizwa, mdaiwa yupo na mdai hayupo, mahakama italifuta, isipokuwa pale mdaiwa anapokubali madai au sehemu yake. Likishafutwa hivyo, mdai haruhusiwi kufungua jipya kwa madai yaleyale. Njia iliyobaki ni kuomba amri iondolewe kwa kuonyesha kwamba alikuwa na sababu ya kutosha ya kutofika. Ajabu ni kwamba wote wawili wasipofika, shauri linaweza kufutwa lakini mdai bado anaweza kufungua upya kama muda haujampita. Kwa hiyo ukikosa siku ambayo mpinzani wako naye kakosa, unapona. Ukikosa siku aliyofika, umefungiwa mlango.

Tazama mpangilio wake, Mheshimiwa. Sheria yenyewe inakiri kwamba kuna sababu za kutosha za kutofika: msiba, ugonjwa, barabara kukatika, kutojulishwa. Lakini sababu hizo zinaulizwa baada ya shauri kufa, na anayeulizwa ni aliyefiwa. Kabla ya amri, hakuna anayelazimika kuuliza chochote. Jina linaitwa, kimya, kalamu inaandika. Katika amri yangu hakuna neno hata moja linaloeleza nilijulishwaje siku ile, jina liliitwa mara ngapi, wala liliitiwa wapi. Alama ya vema ya karani ilikuwa hatua thelathini kutoka pale, kwenye karatasi iliyobandikwa ubaoni.

Na kuna jambo jingine ambalo lilinichukua muda kulikubali. Ukienda kuomba shauri lirudishwe, uzito wa madai yako hauangaliwi. Msimamo wa mahakama zetu ni kwamba kinachopimwa ni sababu ya kutofika siku ile tu, wala si kama ulikuwa na haki. Naelewa mantiki yake. Ila maana yake ni kwamba mguu wangu, basi lile, na risiti zangu za hospitali havijawahi kusomwa na hakimu yeyote mpaka leo. Zaidi ya miaka mitano tangu ajali tunajadili asubuhi moja.

2. Taarifa hazimfiki mwenye shauri.

Tunaambiwa siku hizi mashauri yanafunguliwa kwa mtandao na tarehe zinatumwa kwa simu. Hili ni jema, nami sitaki turudi kwenye siku za jalada kubebwa kwapani. Lakini naomba uulize mashauri ya watu wasio na mawakili yanafunguliwa wapi hasa. Yanafunguliwa steshenari. Mzee anakwenda pale ng'ambo ya barabara ya mahakama, kijana anamchapia, anampakia nyaraka, na penye sehemu ya namba ya simu na barua pepe kijana anaweka zake, kwa sababu mzee hana barua pepe na simu yake ya vitufe inakaa kwa mjukuu. Tangu siku hiyo mahakama inawasiliana na steshenari. Nimemwona kijana mmoja wa aina hiyo akinionyesha kwenye simu yake jumbe za mashauri ya watu ambao hata sura zao hakuzikumbuka. Hakuwa na nia mbaya. Alilipwa kuchapa, hakulipwa kuwa tarishi.

Kwenye mfumo inaonekana mzee kajulishwa. Hakimu akitazama, taarifa imetumwa na imefika. Mzee hayupo.

Kwa wanaoishi mbali kuna tabu ya pili: hata tarehe ukiijua, kufika ni jambo jingine. Mei 2024 mvua zilizokuja na Kimbunga Hidaya zilikata barabara kuu ya Dar es Salaam kwenda Lindi katika wilaya ya Kilwa, magari yakakwama kwa siku kadhaa, wenye mabasi na wenye malori wote pamoja. Nchi nzima iliona picha zile. Mtu aliyekuwa ndani ya basi mojawapo na shauri lake likaitwa Lindi asubuhi ile angeandikwa nini kwenye jalada? Angeandikwa neno lilelile aliloandikiwa aliyelala nyumbani kwa uvivu. Sheria ina neno moja tu kwa watu hawa wawili, na tofauti yao inasubiri maombi, kiapo na ada.

3. Udhuru una mwenyewe.

Hapa naomba uniruhusu niseme kwa urefu, kwa sababu ndipo panapouma.

Shauri langu lilipangiwa tarehe mara 14 kwa miaka miwili. Nimeziandika zote kwenye daftari la vipimo vya wateja, kurasa za nyuma. Katika mara 6 hakimu hakuwepo: mara mafunzo, mara likizo, mara kikao, mara uhamisho, na moja hatukuambiwa sababu. Mara 3 mdaiwa au wakili wake hakuwepo, wakili akaleta taarifa kwa mdomo wa wakili mwenzake kwamba yuko mahakama ya juu zaidi. Mara 2 jalada halikuonekana. Mara 2 kazi ilifanyika, mojawapo ikiwa usuluhishi uliokwama. Ya 14 ndiyo ile ya mwembe.

Kila hakimu asipokuwepo, karani hutoka mlangoni akatangaza kwamba mheshimiwa ana udhuru, akagawa tarehe mpya, nasi tukaondoka. Hakuna aliyeuliza udhuru gani. Hakuna aliyetaka kiapo. Nauli yangu kwenda na kurudi ilikuwa shilingi 14,000. Mara 14 ni 196,000, kabla sijanunua chai wala kuwalipia mashahidi, na kabla ya kuhesabu nguo ambazo sikuzishona siku hizo. Jalada lilipopotea hakuna aliyefutwa. Wakili alipokuwa mahakama ya juu tulimngoja, na ni sawa tulimngoja, kwa sababu binadamu hawezi kuwa mahali pawili.

Lakini mimi nilipodhaniwa sipo, mara moja tu katika 14, hakuna aliyesema huenda naye ana udhuru.

Sisemi hakimu asiugue wala asiende mafunzo. Nasema kwamba kama mahakama inaelewa udhuru wa jalada, ambalo halina watoto wala halipandi basi, inaweza kuelewa na wa fundi cherehani. Mama mmoja ninayemfahamu alifutiwa maombi yake ya talaka na mgawanyo wa mali siku ambayo bintiye alikuwa wodi ya wazazi kwa uchungu wa siku mbili. Mume alifika mahakamani amenyoa, amevaa suti, akarudi nyumbani ameshinda bila kufungua kinywa. Nyumba waliyoijenga pamoja yuko nayo mpaka leo.

4. Siku 30 zinazoanza kabla hujajua.

Maombi ya kurejesha shauri lililofutwa yana muda wa siku 30, na zinahesabiwa tangu amri ilipotolewa. Mimi nilikuwa na bahati ya kuijua siku ileile. Aliyejulishwa kupitia steshenari anaweza kujua baada ya miezi mitatu, siku anapokwenda kuulizia tarehe.

Hata kwangu mimi niliyejua, siku 30 zilikwenda hivi: nakala ya amri niliipata siku ya 19. Iliandikwa Kiingereza, ingawa sheria ilibadilishwa mwaka 2021 kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, kwa hiyo nikamtafuta wa kunisomea. Siku ya 25 nikawasilisha maombi na kiapo. Miezi minne baadaye maombi yakaondolewa mahakamani kwa sababu kwenye kiapo, pale chini panapoelezwa kimeapwa wapi, mahali hapakuandikwa. Ni kweli hapakuandikwa. Niliapa mbele ya mtu aliyegonga muhuri wenye anwani yake, nikadhani muhuri unasema. Wakati huo siku 30 zilishakwisha zamani, ikabidi nianze kuomba kwanza niongezewe muda ndipo niombe kurejeshewa shauri. Maombi hayo nayo yakakataliwa mwaka 2024, kwa kuwa sikueleza kila siku ya kuchelewa. Mahakama ya Rufani imeshasema mara nyingi kwamba hata siku moja ya kuchelewa lazima ielezwe. Mimi nilikuwa nimeeleza miezi, sikueleza siku.

Kwa hesabu zangu, nimekataliwa mara tatu na hakuna hata mara moja niliyokataliwa kwa sababu basi halikuacha njia. Na hata ningeruhusiwa kufungua upya, madai ya namna yangu yana ukomo wa miaka 3 tangu yalipotokea. Muda huo ulikwisha nikiwa benchini.

Katiba yetu, Ibara ya 107A, inaagiza mahakama zitende haki bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi yanayoweza kukwamisha haki. Ibara ya 13 inataka mtu apewe nafasi ya kusikilizwa kwa ukamilifu haki zake zinapoamuliwa. Mwaka 2018 Bunge likaongeza kwenye Sura ya 33 lengo kuu la kumaliza mashauri kwa haki, kwa haraka na kwa gharama inayohimilika. Mawakili wanaliita kanuni ya oksijeni. Mimi nilikuwa mgonjwa ninayeihitaji, na mtungi niliuona ukipita koridoni.

5. Siku ya kutajwa.

Hili nitalipitia haraka kwa kuwa majaji wenyewe wameshaliandika kwenye maamuzi yao: shauri lililopangwa kutajwa tu, yaani kuangalia limefikia wapi na kupanga hatua inayofuata bila kusikiliza ushahidi, si la kufutwa kwa kutofika, maana sheria inazungumzia siku ya kusikilizwa. Bado linatokea. Watu wasio na wakili hawajui tofauti ya kutajwa na kusikilizwa, kwa hiyo hawalalamiki.

6. Shauri lililofutwa linahesabiwaje.

Mheshimiwa, mahakama inapimwa kwa mashauri iliyoyamaliza. Kwenye hesabu hiyo shauri langu limemalizika. Mimi, mwenye basi na mguu tunajua halijamalizika. Sina ushahidi kwamba kuna hakimu anayefuta ili hesabu ipendeze, na sitamzulia mtu. Ila kipimo kinachoweka kikapu kimoja shauri lililosikilizwa mpaka hukumu na shauri lililokatwa kwa dakika mbili hakimsaidii hata yeye hakimu mwema.

Sasa najua majibu nitakayopewa, kwa kuwa mengine nimeshapewa dirishani.

Nitaambiwa mashauri ni mengi na wapo wadai wanaofungua kesi kisha wakatoweka, wakamwacha mdaiwa anahangaika na nauli kila mwezi. Ni kweli tupu. Nimewaona. Yupo mtu alimfungulia jirani yake kesi ili tu amsumbue, na kila tarehe alikuwa anatuma mtoto kuja kuangalia kama mwenzake amefika. Huyo afutiwe, tena kwa gharama. Kanuni ya kufuta shauri inahitajika, na mdaiwa naye ana haki ya kutofungwa kwenye benchi milele. Nisichokubali ni kwamba njia pekee ya kumshika mtu huyo ni kutuweka sote kwenye kapu lake. Anayetoweka hutoweka mara tatu, mara nne. Anayefika mara 13 na kukosa ya 14 si mtu yule.

Nitaambiwa sheria imeshaweka dawa, yaani maombi ya kurejesha. Dawa hiyo nimeinywa, na nimeeleza hapo juu ilivyonifanya. Inamfaa mwenye wakili wa kuandika kiapo kisicho na kasoro.

Nitaambiwa kila mtu ana wajibu wa kufuatilia shauri lake. Nakubali, na nilifuatilia mpaka nikaweka alama kwa karani. Wenye mawakili nao wana yao: wakili asipofika, uzembe wake kwa kawaida haukubaliki kuwa sababu, na mteja anabeba mzigo wa mtu aliyemlipa ili ambebee mzigo. Hilo ni barua ya mtu mwingine, mimi sikuwa na wakili wa kunizembea.

Na nitaambiwa mimi ni mmoja. Sawa. Fungueni majalada yaliyofutwa kwa kutofika katika wilaya yoyote mtakayochagua, yasomeni ishirini tu, mtafute ni mangapi yanaonyesha mdai alijulishwaje.

Kwa hiyo naomba haya, Mheshimiwa Jaji Mkuu. Mengi yanahitaji waraka tu, na pale panapohitaji kugusa Jedwali la Kwanza la Sura ya 33, sheria inakupa uwezo wa kulirekebisha kwa ridhaa ya Waziri, ndiyo maana nakala inakwenda kwake.

La kwanza, ambalo hata mengine yakikataliwa naomba hili lipone: hakimu kabla ya kuandika amri ya kufuta shauri kwa kutofika, aandike kwenye mwenendo, yaani kumbukumbu za shauri, mambo matatu. Asiyefika alijulishwaje tarehe hii na kwa ushahidi gani. Jina liliitwa mara ngapi, saa ngapi, na wapi, pamoja na nje ya jengo. Na hii ni mara yake ya ngapi kukosa. Ni mistari mitatu ya kalamu. Ingetosha karani kuulizwa "yupo kwenye orodha yako?" na barua hii isingeandikwa.

La pili, kwa anayekosa mara ya kwanza, shauri liahirishwe na alipe gharama za siku hiyo za mwenzake, isipokuwa pale inapoonekana wazi kwamba amelitelekeza. Gharama zinauma, na zinamfidia aliyefika. Mwenye kutoweka atazilipa mara moja, ya pili atafutiwa.

La tatu, mtu akijitokeza siku hiyohiyo kabla mahakama haijafunga, asikilizwe kwa mdomo, upande wa pili ujulishwe, na hakimu aamue ndani ya siku chache bila kiapo. Tangu 2021 zipo kanuni za kuendesha mashauri kwa njia ya mtandao. Kama wakili ameshaondoka, anaweza kujibu akiwa njiani kwake.

La nne, iandaliwe fomu ya kurasa mbili kwa Kiswahili ya kuomba kurejeshewa shauri, yenye kiapo chake humohumo na nafasi ya kujaza mahali na tarehe, ipatikane bure dirishani. Kasoro ya namna ya kiapo changu irekebishwe kwa kalamu mbele ya hakimu, isiwe sababu ya kuyaondoa maombi mahakamani.

La tano, mfumo wa kufungua mashauri udai namba ya mdai mwenyewe na usikubali namba moja kwa mashauri ya watu wengi wasiohusiana. Asiye na simu, taarifa ipite kwa mtendaji wa kijiji au mtaa, kama hati za wito zinavyopita huko siku zote.

La sita ni la Waziri na Bunge: zile siku 30 zianze kuhesabiwa siku mhusika alipojulishwa amri, kwa sababu kuhesabia mtu muda wa kitu asichokijua ni kumdai deni asilokopa.

La mwisho, takwimu za mashauri yaliyofutwa kwa kutofika zitolewe peke yake, kwa kila mahakama, zikionyesha mangapi yalirejeshwa.

Naomba jibu ndani ya siku 60. Sihitaji jibu refu; nataka kujua lipi kati ya haya saba litafanyiwa kazi, na nani, na lini. Nakala za barua zangu tatu zenye mihuri, amri ya kufuta shauri, kiapo chenye kasoro na zile kurasa za nyuma za daftari la vipimo ninazo, nitazileta popote nitakapoitwa. Ila nikiitwa, naomba niambiwe ni chumba gani.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Fundi cherehani, mdai katika shauri lililofutwa Machi 2023